Neno Moja Lililozamisha Tagi

Jambo la kwanza alilofanya Nyanchama ndani ya nyumba ya mshukiwa lilikuwa kukagua sufuria.

Haikuwa nia yake. Spés, mke wa mshukiwa, aliweka mezani sufuria iliyofunikwa, akasogeza sahani, akasema kwa upole, "Fungura, dada." Nyanchama ni binti wa Kisii aliyelelewa kutii mwenye nyumba. Akainua kifuniko. Akachungulia. Akangoja maelekezo zaidi.

"Fungura," Spés akarudia.

"Nimefungua, mama. Naona maharage na ndizi."

Spés alicheka mpaka akashika friji. "Kwa Kirundi ni kula! Nakukaribisha chakula, wewe unanifanyia upekuzi!"

"Nisamehe. Kazi imeniharibu."

Kazi yenyewe ilimtoa Columbus, kwenye kampuni ya bima ambako alichunguza ajali, ikamleta Buffalo, mtaa wa Kensington-Bailey, kuuliza swali ambalo hata mtoto angelicheka: imekuwaje meli iliyojengwa ili kuokoa meli nyingine zisizame, ikazama yenyewe? Tena ikiwa imefungwa kamba gatini, bila wimbi, bila dhoruba, bila hata bata wa kuisukuma.

Meli hiyo iliitwa Hester Quill. Ilikuwa tagi ya bahari kuu, yaani meli fupi yenye injini ya kiburi, ya kuvuta majitu yaliyoharibika mbali na nchi kavu. Uzeeni ililetwa kwenye mto wa Buffalo, na kikundi cha wapenda meli kilikuwa kikiitengeneza iwe makumbusho. Siku kumi zilizopita, Jumamosi asubuhi, ilionekana imekalia matope, chumba cha injini kimejaa maji hadi shingoni.

Na jibu lilikuwa tayari ndani ya faili. Mtu wa mwisho kushuka melini Ijumaa ile alikuwa Revokatus, mume wa Spés, Mrundi wa miaka arobaini na mmoja aliyekulia kambini Kigoma. Siku nne za wiki alibeba makasha ghalani. Ijumaa alikuwa fundi wa tagi. Alihojiwa kwa simu, mkalimani akiwa Louisville, na tafsiri ya Kiingereza ilisema hivi: kabla ya kuondoka alifungua koki ili maji yapite. Nyanchama alisikiliza sauti yenyewe mara mbili. Kwa sikio lake la Kenya, mkalimani hakukosea hata nukta.

Sasa, chini kabisa ya tagi kama ile kuna koki kubwa ya kuingiza maji ya nje yapoze injini. Mabomba ya ndani yalikuwa yamefumuliwa kwa matengenezo. Kufungua koki hiyo ni kuukaribisha mto mzima na kuuambia uvue viatu.

Revokatus aliketi mkabala naye, mikono juu ya meza, mtulivu kama mzee wa kanisa.

"Kaka Revokatus, Ijumaa ile ulifungua mfereji?"

"Ndiyo."

"Mwenyewe?"

"Kwa mikono yangu miwili."

"Nani alikutuma?"

"Hakuna. Nafungua kila Ijumaa. Nisipofungua, Jumatatu tunakuta balaa."

Nyanchama aliandika. Kwa miaka mitano ya kuhoji waongo, hakuwahi kukutana na mtu aliyejinyonga kwa adabu namna hii.

"Na ulipomaliza, uliufunga?"

Revokatus alimtazama kwa huruma. "Dada, mfereji unafungwaje?"

Nyanchama akaandika: *anadhihaki*. Akainua macho, akakutana na friji. Chini ya sumaku yenye umbo la nyati palikuwa na barua ya serikali. Kiapo cha uraia, Alhamisi, saa nne asubuhi. Leo ilikuwa Jumanne. Mlangoni pa chumba ilining'inia suti ya bluu ndani ya nailoni ya dobi.

"Miaka tisa nimeingoja karatasi ile," Revokatus alisema, akifuata macho yake. "Suti nimeazima kwa Gaudiosi. Yeye ni mnene, lakini Spés ameipunguza."

"Akiivaa tena atalia," Spés alisema.

Simu ya Nyanchama ikatetemeka. Kiplagat, mkubwa wake, kutoka Columbus. Alitoka nayo hadi kwenye ngazi za mbele, penye kilima cha mwisho cha theluji, cheusi kama makaa.

"Nyanchama, bado uko huko? Mtu amekiri. Confession iko kwa faili."

"Amekiri mara ya pili saa hii, boss. Ndiyo shida. Hakuna mwizi anakiri mara mbili kwa tabasamu."

"Saa kumi alasiri faili inaenda kwa polisi. Hiyo si mimi, ni procedure."

"Ikienda, kiapo chake cha Alhamisi kinasimamishwa."

"Najua." Kiplagat alishusha pumzi. "Kwa hivyo niletee kitu. Si huruma. Kitu."

Aliporudi ndani, sauti ya Spés ilikuwa ikitoka mlango wa nyuma, imepanda juu. "Baba Kamikazi! Mfereji umeziba tena! Maji yanaingia chini! Lete koleo!"

Revokatus akainuka, akachukua koleo nyuma ya mlango, akatoka. Nyanchama alibaki ameshika kalamu.

Koleo?

Alimfuata. Kati ya nyumba ile na ya jirani ulipita mtaro mwembamba wa saruji, umejaa majani ya mwaka jana na barafu iliyoanza kulainika. Maji ya theluji yalikuwa yamesimama, yakitafuta ngazi za chini. Revokatus alipiga koleo mara tatu, akachota, akatupa. Maji yakaguna, yakaondoka mbio kuelekea barabarani.

"Nimefungua!" alimwambia mkewe.

Nyanchama alisimama uani katika soksi.

"Kaka. Hicho ulichofungua ndicho mfereji?"

"Sasa kwenu mfereji ni nini?"

"Kwetu Kenya mfereji uko jikoni! Una kichwa, unazungusha, maji yanatoka, unajaza birika!"

"Hiyo ni bomba," alisema Revokatus.

"Bomba," Spés akathibitisha. "Mfereji ni huu. Mtoto akianguka ndani unamwogesha."

"Na kwenye meli? Mfereji wa kwenye meli?"

"Unazunguka ukingoni mwa sitaha, unapeleka maji ya mvua kwenye matundu, yanamwagika mtoni. Njiwa wanaujaza uchafu, na vumbi la nafaka kutoka maghala yale makubwa. Kila Ijumaa naufungua maji yapite. Nilimweleza yule kijana wa simu."

Nyanchama hakuhitaji kufungua daftari. Alikwisha kumbuka alichoandika: *anadhihaki*. Soksi zilikuwa zimelowa, na zilistahili.

*

Silas alikuwa mwanafunzi wa uuguzi Louisville, mtu wa Machakos, na alitafsiri kwa simu akiwa amelala kitandani.

"Silas, mfereji ni nini?"

"Tap. Si ni obvious?"

"Kwa nani?"

"Kwa kila mtu anayeoga."

"Mtu wa Kigoma anaoga kwenye bomba. Mfereji wake ni mtaro. Yule bwana alikuwa na koleo, Silas. Ulimuuliza alishika nini mkononi?"

Ikasikika sauti ya mtu anayeketi kitandani. "Wuui. Nimemfunga mtu?"

"Bado. Na si wewe peke yako, hata mimi nilikusikia nikakubali. Kwa hivyo usinililie. Sikiliza sauti tena, uandike marekebisho, utie sahihi, utume Columbus kabla ya saa tisa."

"Natuma sasa hivi. Dada, na yale mengine niliyotafsiri mwaka mzima? Kulikuwa na mama mmoja alisema..."

"Leo huyu. Kesho huyo mama."

Kiplagat alipokea habari hiyo kama mkaguzi anayepokea risiti iliyolowa. "Sawa. Umeondoa kukiri. Lakini umeniachia meli iliyojaa maji. Yaliingiaje? Kwa maombi?"

*

Ilikuwa saa saba na nusu Nyanchama na Revokatus walipofika mtoni. Upepo ulileta harufu ya nafaka iliyookwa, harufu ya Buffalo yote, kama mji mzima uko mezani kwa kifungua kinywa. Hester Quill ilikuwa imerudi kuelea, imeinama kidogo upande mmoja. Wapiga mbizi walikuwa wameziba matundu yake ya chini kwa nje kwa vigingi vya mbao, na pampu ya kukodi ilinyonya maji siku tatu, kisha ikarudishwa kwa wenyewe. Juu ya mlingoti zilining'inia taa za Krismasi, nyekundu na kijani, katikati ya Aprili.

Mlinzi mkuu wa tagi aliitwa Pruitt, mstaafu mrefu mwenye ndevu za kambare mzee. Alimshika Revokatus mkono kwa mikono yote miwili, kisha akatazama chini kama aliyefumaniwa.

"Sikuamini," alisema kwa Kiingereza cha polepole. "Lakini waliniambia umekiri."

"Mimi sijakiri kitu. Mimi nimesafisha," alisema Revokatus.

Nyanchama hakuuliza lolote. Kwanza alitaka kuijua meli, na Pruitt alikuwa wa aina ile ambayo ukiigusa mada inayopendwa, unapewa na maji ya kunywea. Hester ilijengwa mwaka 1943, wakati wa vita, alieleza. Iliwahi kuivuta meli iliyopoteza pua yote kwa bomu. Iliivuta kinyumenyume siku kumi na tisa kuvuka Atlantiki, maana ukiivuta kwa mbele bahari inaingia mdomoni. Aliwaonyesha roda kubwa nyuma ya sitaha, yenye kamba ya chuma nene kama mkono wa mtu.

"Watu hudhani siri ni nguvu," Pruitt alisema. "Siri ni kulegeza. Unaachia kamba ndefu, ining'inie chini majini kama bembea. Wimbi likivuta, bembea inainuka, haikatiki. Ukiona kamba ya tagi imenyooka kabisa, kimbia. Itakatika na kukata mtu."

"Nitakumbuka," Nyanchama alisema.

Walishuka chumba cha injini. Maji yaliyobaki yalifika magotini, meusi, yana ngozi ya mafuta. Koki ilionekana nusu: gurudumu lake la kuzungushia lilikuwa juu ya maji, mwili wake chini. Nyanchama alimulika kwa tochi, akainama mpaka pua ikakaribia chuma.

"Lini mara ya mwisho ilipakwa rangi?"

"Vuli. Oktoba," Pruitt alisema. "Niliipaka mwenyewe. Kijivu."

Rangi ya kijivu ilikuwa imepanda kutoka gurudumu hadi kwenye msumari mnene wa katikati, ikaingia kwenye hesi zake, ikafunika kiungo chote bila ufa hata wa unywele.

"Kaka Revo, ukizungusha hili gurudumu rangi itafanya nini?"

"Itavunjika kama ganda la yai."

"Hili yai halijavunjwa." Alipiga picha nne. "Tangu Oktoba hakuna binadamu aliyeigusa. Koki imefungwa. Na maji yameingia."

Pruitt alikuna ndevu. "Labda mlango wa pili?"

"Labda tumbo la koki. Nataka kuona sehemu iliyo majini."

"Pampu imeondoka. Itarudi Ijumaa."

Ijumaa. Nyanchama alitazama saa: nane na robo. Alhamisi ilikuwa imekaa katikati kama ng'ombe barabarani.

Revokatus alikohoa. "Kuna pampu," alisema.

"Ipi?"

"Ya kwake mwenyewe. Bibi Hesta."

Tagi za uokoaji zilibeba pampu za kuhamishika, Pruitt alieleza wakipanda ngazi. Unaishusha kwa kamba kwenye meli ya watu inayozama, inanyonya, meli inapona. Hester ilibaki na moja, ya dizeli, imekaa chini ya turubai. Revokatus alikuwa ameifungua na kuifunga miaka miwili, Ijumaa kwa Ijumaa. Haikuwahi kujaribiwa.

"Kwa nini?" Nyanchama aliuliza.

"Utaijaribia wapi, dada? Inataka meli yenye maji ndani. Miaka miwili namwomba Mungu ufanisi wa pampu hii, na naogopa kumwambia maji yatoke wapi."

"Amekuelewa vibaya. Kama Silas."

Waliteremsha bomba la kunyonyea hadi chini. La kutolea lilikuwa limeliwa na panya, likabaki fupi, halikufika ukingoni. Likaachwa limelala juu ya sitaha. Revokatus alivuta kamba ya kuwashia. Pampu ikapiga chafya. Akavuta tena. Ikatukana. Mara ya tano alivua koti, akaikunja mikono ya shati, akasema nayo kwa Kirundi neno fupi ambalo hakuna aliyemwomba kulitafsiri.

Ikawaka.

Ilitetemesha sitaha yote. Bomba likaruka kama nyoka aliyekanyagwa, likatapika maji meusi. Pruitt aliruka nyuma, akidhani sitaha itafurika. Haikufurika. Maji yalikimbilia ukingoni, yakaingia kwenye mfereji uliosafishwa vizuri na mtu fulani siku ya Ijumaa, yakazunguka kwa utii hadi kwenye matundu, yakamwagika mtoni.

"Huo," alisema Revokatus, akinyoosha kidole, "ndio mfereji."

Nyanchama alipiga picha. Ile ya tano ilikuwa bora kuliko zote nne za kwanza.

Dakika arobaini baadaye walishuka tena. Mwili wa koki ulikuwa wazi, na upande unaotazama ukuta wa meli, kabla hata maji hayajafika kwenye kizuizi, palikuwa na ufa. Ulipanda kwa mshazari, urefu wa kiganja, na kingo zake zilikuwa zimetanuka kwenda nje. Revokatus alipitisha kidole.

"Hii haikupigwa," alisema. "Kilichovunja kilikuwa ndani. Kilivimba."

"Barafu," alisema Nyanchama. "Maji yaliyolala ndani ya koki yaliganda, yakatanuka, yakapasua chuma. Kisha barafu yenyewe ikabaki imeziba ufa ilioufanya. Ikakaa kama kizibo cha chupa mpaka joto liliporudi. Ikayeyuka Ijumaa ile." Alimgeukia Pruitt. "Lakini chumba hiki kilikuwa na hita."

"Kina hita. Kila majira ya baridi. Ndiyo ile."

Hita ilikuwa imefungwa ukutani. Waya wake ulishuka hadi sakafuni, na plagi yake ilikuwa imelala kwenye tope, peke yake. Juu yake palikuwa na soketi moja tu, na soketi hiyo ilikuwa na mgeni: waya mwembamba wa kijani uliopanda ukutani, ukapenya kwenye tundu la hewa, ukatokea nje.

Nyanchama angeweza kuvuta. Swali lilikuwa ulimini. Akakumbuka kamba iliyonyooka.

"Taa zenu za mlingotini zinapendeza," alisema, akanyamaza.

Pruitt aliutazama waya wa kijani. Akaufuata kwa macho hadi juu. Akarudi nao hadi chini. Pampu ilinguruma sitahani.

"Watoto walipenda," alisema mwishowe. "Walikuja na shule zao kuzitazama. Niliazima soketi kwa wiki moja tu. Wiki moja. Halafu nikaugua kifua, na Januari..." Alivua kofia, ikamponyoka. "Ni mimi. Nimempaka huyu mtu tope kwa ajili ya taa za Krismasi."

"Hukukusudia," alisema Nyanchama. "Bima inalipa ajali. Ajali inataka mtu wa kuisema tu. Utaandika?"

"Niletee kalamu."

Revokatus alikuwa ameelewa nusu ya Kiingereza kile na nusu ya uso. Aliokota kofia iliyoanguka, akaikung'uta maji, akamrudishia mzee. "Mwakani," alisema kwa Kiingereza chake cha ghalani, "soketi mbili."

Saa tisa na dakika arobaini, Nyanchama aliketi juu ya roda na simu sikioni. Picha zilikuwa zimefika Columbus. Maelezo ya Pruitt yalikuwa yamefika. Marekebisho ya Silas yalifika saa nane kasoro robo, yakiwa na sentensi tatu za ushahidi na nne za kuomba radhi.

"Nimesoma," alisema Kiplagat. "Rangi, ufa, plagi. Nimefuta ile ya polisi. Kwa nafasi ya mhusika niandike nani?"

"Januari."

"Ana anwani?"

"Anarudi Buffalo kila mwaka, boss. Atapatikana."

Kiplagat alicheka, jambo lisilotajwa katika mkataba wake. "Mwambie huyo bwana avae vizuri Alhamisi. Na Nyanchama, kwetu Eldoret pia mfereji ni tap. Ningemfunga hata mimi."

Alipokata simu alimwambia Revokatus maneno mawili tu: "Vaa suti." Mtu huyo hakuruka wala hakupiga kelele. Alikwenda kwenye pampu, akaipunguzia mafuta, akaisikiliza ikipumua taratibu, mgongo wake ukiwa umewageukia kwa muda ambao hakuna aliyeuhesabu. Chini yao Hester Quill ilikuwa imenyooka. Wahenga walisema mganga hajigangi. Hawakuwahi kumwona Bibi Hesta akijinyonya maji kwa pampu yake mwenyewe.

Kisha Revokatus akarudi na mfuko aliofungiwa na Spés, akatoa bakuli la plastiki lenye kifuniko cha buluu, akaliweka juu ya roda, kati yake na mpelelezi.

"Fungura, dada."

Nyanchama akafungua. Kisha akafungura.